Kaburi la uani, Cape Coast

Tangu nirudi kutoka Ghana kuna jambo halinitoki moyoni. Katika ngome ya Cape Coast tuliingizwa chumba cha chini walimofungiwa wanaume waliosubiri kuuzwa utumwani. Giza totoro, vidirisha viko juu kabisa. Niligusa ukuta, kiganja kikatoka na unyevu. Juu ya chumba hicho hicho Waingereza walikuwa wakisali.

Uani kuna kaburi la Philip Quaque, mtu wa kabila la Wafante wa pwani ile, Mwafrika wa kwanza kuwa kasisi wa Kanisa la Uingereza. Alihudumu pale tangu 1766 hadi kifo chake, 1816. Nilisimama hapo muda mrefu. Miaka na miaka alifundisha watoto kusoma, huku mateka kutoka bara wakipitishwa kwenda melini!

Na ile sheria ya Uingereza ya 1807 ilizuia biashara ya watumwa tu, si utumwa wenyewe. Ndani ya Gold Coast, yaani Ghana ya leo, utumwa uliendelea: watu walilimishwa, walibebeshwa mizigo, watoto waliwekwa rehani kwa deni la wazazi. Marufuku ilikuja 1874. Ruhusa ya kuondoka ilikuwepo, lakini uende wapi, huna shamba wala ndugu wa kukupokea? Wengi walibaki kwa mabwana wale wale.