Uigizaji Ulinilipia Studio, Nyimbo Zikabaki Zangu

Uigizaji ndio unaonilisha, na utunzi wa nyimbo ndio kazi niliyoipenda kabla sijajua kwamba mtu anaweza kulipwa kwa kuigiza. Hapa Kampala hakuna anayeshangaa kusikia hivyo, kwa kuwa jukwaa la Uganda limezoea kuwachanganya waimbaji na waigizaji. Byron Kawadwa, aliyekuwa mkurugenzi wa sanaa katika Jumba la Taifa la Maonyesho na aliyeuawa mwaka 1977 wakati wa utawala wa Idi Amin, aliandika michezo ambayo hadithi yake ilibebwa na nyimbo. Kundi la Ebonies, ambalo Jimmy Katumba alitamba nalo, lilijaza kumbi kwa muziki na maigizo kwa pamoja. Mariam Ndagire, aliyesomea muziki, ngoma na maigizo katika Chuo Kikuu cha Makerere, ameimba, ameigiza na ameongoza filamu. Njia ilikwisha kupigwa. Nililolazimika kulitafuta mwenyewe ni namna ya kuzifanya kazi hizo mbili zisaidiane kifedha bila nyimbo zangu kuishia mikononi mwa watu wanaonilipa niigize.

Nimelelewa Arua, ambako Kiswahili ni lugha ya sokoni, ya stendi ya mabasi na ya majirani wasiokuwa na lugha moja ya nyumbani, na ndiyo maana tangu mwanzo nilitunga kwa Kiswahili. Nilipohamia Kampala, maprodyuza walinieleza kwa nia njema kabisa kwamba redio nyingi za mji huu hutaka Kiluganda. "Dada, sauti unayo," mmoja wao aliniambia baada ya kusikiliza hadi mwisho, "lakini wimbo huu hapa mjini nani ataupiga?" Lilikuwa swali la haki, nami nililichukulia kama taarifa: hapakuwa na mtu wa kuweka fedha zake kwenye nyimbo hizi, kwa hiyo fedha ingebidi iwe yangu, na kama fedha ni yangu, basi rekodi nayo ni yangu.

Malipo ya jukwaani hutegemea viingilio vya usiku huo, ilhali tamthilia za runinga hulipa kwa kipindi au kwa siku ya kupiga picha, na hakuna kati ya hayo linalokuja kwa tarehe unayoitarajia. Nilinunua laini ya pili ya simu na kuifungulia akaunti ya pesa za simu ambayo haikuwa na kazi nyingine isipokuwa muziki. Kila nilipolipwa kwa kuigiza, sehemu ilivuka kwenda kwenye laini hiyo kabla sijalipa kodi ya nyumba. Ndugu waliojua namba yangu ya kawaida hawakuijua hiyo, na nadhani hilo lilisaidia kuliko nidhamu yangu yote.

Jambo lililoamua mengine yote lilikuwa mkataba. Nilikuwa nimepata nafasi katika tamthilia moja ya runinga, na mwongozaji alinisikia nikiimba wimbo wangu wakati napakwa vipodozi. Akaupenda, akataka uingie katika tukio la matanga, ambapo mhusika wangu angeuimba mbele ya waombolezaji. Nilifurahi sana. Kisha mkataba ukaja, na katika ukurasa wa nne palikuwa na kifungu kisemacho kwamba kazi zote za ubunifu zitakazotolewa na mwigizaji kwa ajili ya tamthilia zitakuwa mali ya kampuni. Kifungu cha namna hiyo ni cha kawaida, na hakuna aliyekiandika kwa nia ya kunidhulumu. Kiliwekwa ili mwigizaji asije akadai umiliki wa maneno aliyoyabuni papo hapo mbele ya kamera. Hata hivyo, wimbo wangu ungeingia humo humo.

Nilikuwa nimeisoma Sheria ya Hakimiliki na Haki Jirani ya mwaka 2006, na ninamsihi kila mwigizaji anayetunga aisome. Sheria hiyo inasema kwamba kazi iliyofanywa katika ajira, au iliyoagizwa na mtu mwingine, hakimiliki yake huwa ya mwajiri au ya aliyeagiza, pasipokuwa na mkataba unaosema vinginevyo. Wimbo niliotunga chumbani kwangu kabla ya kuijua tamthilia hiyo ni wangu, na haki yake hudumu maisha yangu yote na miaka 50 baada ya kifo changu. Lakini wimbo ule ule nikiuacha uelezwe katika karatasi kama kitu nilichokitengeneza kwa ajili yao, nimeuhamisha kwa saini yangu mwenyewe. Nilikuwa na ushahidi wa tarehe: daftari la beti, na sauti nilizojirekodi kwa simu nikiutafuta mwondoko wa kibwagizo. Nikaenda pia kuusajili katika ofisi ya usajili ya serikali, URSB, ingawa haki yenyewe haisubiri usajili ili iwepo.

Mtayarishaji hakuelewa mara moja. "Wimbo mmoja tu, dada, una shida gani?" aliniuliza. Nilimjibu kwa heshima kwamba sina shida ya kuutoa utumike, na kwamba ninachoomba ni karatasi mbili badala ya moja: ya kwanza ya kuniajiri kama mwigizaji, ambamo kampuni inabaki na kila kitu ninachokifanya mbele ya kamera, na ya pili ya leseni ya wimbo. Leseni hiyo ilitaja wimbo kwa jina, tamthilia moja, muda maalumu na jina langu katika orodha ya mwisho wa kipindi kama mtunzi, na ilisema wazi kwamba ninaweza kuurekodi na kuuza wimbo huo popote nipendapo. Walikubali, kwa malipo madogo kuliko yale ya mwanzo. Niliyapokea bila kinyongo, kwa sababu tofauti hiyo ndiyo bei niliyolipa ili wimbo ubaki kwangu, na ninaiona ndogo hadi leo.

Kuurekodi kulikuwa raha. Nilitaka adungu, kinubi cha kwetu West Nile ambacho wengi hukisikia kanisani, nikamleta mzee mmoja anayekipiga tangu ujana wake. Feni ya studio ilibidi izimwe kwa sababu kipaza sauti kilikuwa kinainasa, na kadiri chumba kilivyopata joto nyuzi zililegea, mzee akawa anazikaza moja baada ya nyingine, sikio lake likiwa limeegemea ubao. Alikuwa ameziweka chini kidogo ya kinanda. Prodyuza alitaka kuisahihisha adungu kwa kompyuta. Nikamwuliza mwenyewe: "Mzee, tukiteremsha kinanda kikufuate wewe, utaridhika?" Akasema, "Binti yangu, hii adungu na sauti yako zimeshapatana. Hicho kinanda ndicho mgeni, acha kiwafuate wenyeji." Tukakiteremsha, na beti la tatu, lililokuwa likinisumbua kwa kuwa juu mno, likakaa kooni bila kulazimishwa.

Kooni kwenyewe kunahitaji ratiba. Tukio la kulia kwa sauti, likirudiwa mpaka mwongozaji aridhike, huacha ukwaruzo usiotoka kwa maji ya tangawizi peke yake, kwa hiyo sipangi kamwe kurekodi katika wiki ya matukio ya namna hiyo. Kwa upande mwingine, uigizaji ndio ulionifundisha kuimba. Kila ubeti huwa nausema kwanza kama maneno ya mhusika anayetaka kitu kutoka kwa mtu aliye mbele yake, na pumzi hujipanga yenyewe pale ambapo mtu huyo angevuta pumzi.

Usambazaji hauna mengi. Programu za kusambaza muziki huchukua ada ya mwaka au asilimia, na kila rekodi hupewa namba ya utambulisho yenye herufi na tarakimu 12 ambayo ni lazima uiandike mahali salama. Spotify ilifika Uganda Februari 2021, na tangu mwaka 2024 wimbo usiofikisha mara 1,000 za kusikilizwa katika miezi 12 haulipwi chochote huko, kwa hiyo msanii anayeanza asiitegemee kwa kodi ya nyumba. Redio na kumbi ni habari nyingine. Malipo ya watunzi kutoka huko hukusanywa na UPRS, chama cha haki za watunzi kilichoanzishwa mwaka 1985, nami nilijiunga kama mtunzi.

Machi 2020 kumbi zilifungwa kwa ajili ya korona, na hazikuruhusiwa kurudia shughuli hadi Januari 2022. Kazi iliyokuwa ikiulipia muziki ilisimama ghafla. Nilirekodi nyumbani, chini ya blanketi zito lililotundikwa juu ya viti viwili, ili kelele za bodaboda zisiingie. Katika kipindi hicho runinga zilikuwa zinarudia vipindi vya zamani, na muda wa leseni ya wimbo wa matanga ulikuwa umekwisha. Yule mtayarishaji akanipigia mwenyewe kuomba tuiongeze. Tulitumia maneno yale yale ya karatasi ya pili, tukabadilisha tarehe na kiasi tu, na malipo yakaingia katika laini ya muziki, ambayo kwa miezi kadhaa ndiyo iliyonunua chakula.

Sasa kumbi zimefunguka na ninaigiza tena. Karatasi mbili zimekuwa desturi yangu kila ninapoombwa wimbo, na waigizaji wenzangu wawili watatu wanaotunga wameniomba nakala ya leseni ile, nikawapa. Siku zisizo na mazoezi ninarekodi albamu ya pili, ambayo mzee wa adungu amekubali kuipiga yote.