Siku moja maishani mwangu: dereva wa watalii Arusha mwenye soriasis ya viungo

Mi ni dereva guide, naishi Sakina, soriasis ya ngozi, yale mabaka yenye magamba, ninayo tangu ujana na miaka ya karibuni ikaingia kwenye viungo. Watu wakiniona nacheka na wageni wanajua nimepona, na siku nikichechemea wanasema Mzee nawe umeanza kuzeeka mapema. Basi nimeamua kuandika Ijumaa moja ya kazi ilivyokwenda, safari ya kwenda na kurudi tu Hifadhi ya Arusha, siyo zile za Serengeti za kulala porini.

Saa 10 na nusu alfajiri

Alamu ya kwanza siyo ya kuamka, ni ya dawa. Nina ndizi mbivu pembeni ya kitanda, nakula, nameza kidonge cha kutuliza uvimbe na kile kingine cha kulinda tumbo alafu najilaza tena. Hizi dawa jamii ya diklofenaki na ibuprofeni ukizizoea kila siku bila mpango zinaweza kukuachia vidonda vya tumbo na kuumiza figo, kwa hiyo kiasi changu alipanga daktari, sio muuza duka. Nikimeza sa hizi, mpaka nikianza kuvaa viatu mwili unakuwa umeanza kukubali.

Saa 11 na nusu

Hapa ndo penyewe. Vidole havikunji, mgongo chini huku kiunoni umekaza, kisigino cha kushoto kikigusa sakafu naona nyota. Mama watoto ameshaweka maji ya moto kwenye beseni, natumbukiza mikono, nafumba ngumi nafumbua, nafumba nafumbua, na miguu nayo naichezesha hapo hapo nikiwa nimekaa. Inachukua kama saa nzima, siku mbaya zaidi. Wengi hawajui kwamba maumivu ya huu ugonjwa yanapenda upumzike, ukilala sana au ukikaa sana ndo viungo vinakaza, ukitembea vinalegea. Yule mwenye goti lililosagika kwa umri mambo yake mara nyingi ni kinyume, asubuhi anakaza dakika chache tu yanaisha, ila akitembea sana ndo linamuuma. Kwa hiyo ukikaza asubuhi zaidi ya nusu saa na kila siku, usikubali kuambiwa ni baridi ya Arusha, hata kama ni Julai na ukungu umeshuka mpaka mlangoni.

Nikitoka kuoga ngozi ikiwa bado na unyevu napaka mafuta ya mgando mwili mzima, alafu ile dawa ya kupaka ya steroidi naiweka kwenye mabaka ya viwiko tu, kidogo, usoni sipeleki.

Saa 12 na nusu asubuhi

Nachukua gari yadi. Ni Land Cruiser ya gia za mkono na klachi yake ngumu balaa. Kisigino changu kinauma pale nyuma kano nene inapojishikiza kwenye mfupa, na hii soriasis inapenda sana hizo sehemu, kano zinapoungana na mifupa, sio kwenye viungo peke yake. Nilikuwa nakanyaga klachi kwa vidole vya mguu kisigino kikiwa kinaning'inia, sa hivi nimejifunza kusogeza siti mbele na kukanyaga kwa katikati ya unyayo, na viatu nimeweka soli laini ndani. Bosi nilimwambia ukweli mwaka juzi, nikamwomba safari fupi fupi nikiwa vibaya, akakubali, ndo maana Ijumaa hii nimepewa Hifadhi ya Arusha na sio Ndutu kule mbali upande wa Serengeti. Najua sio kila bosi yuko hivyo, kuna madereva wenzangu wanaficha kisukari na presha kwa kuogopa kupoteza siti.

Saa 1 na nusu

Nawachukua wageni hotelini, wazee wawili mume na mke na binti yao. Salamu za mikono ndo mtihani, mzee wa watu ana mkono wa nguvu na mi kidole cha pete kulia kimevimba chote kuanzia shinani mpaka kwenye ukucha kama soseji, madaktari wenyewe ndo wanavyokielezea hivyo. Siku hizi natangulia kuweka ngumi nagonga, wageni wanafurahi wanaona ni mtindo wa huku.

Binti nikamwona anaangalia kiwiko changu. Nikamwambia mwenyewe mapema, hii haiambukizi, ni kinga ya mwili wangu inashambulia ngozi na viungo vyangu mwenyewe. Yaliisha hapo hapo. Wabongo wenzangu ndo wagumu, kuna jamaa kwenye foleni ya chai Usa River aliwahi kunisogezea kikombe kwa kukisukuma na kijiko.

Saa 3

Tumeingia geti la Ngongongare, pale kwenye uwanda wa Serengeti Ndogo, humu humu hifadhini, twiga wamejaa barabarani, nyati kule mbali, pundamilia na ngiri. Wageni wanataka kusimama wapige picha kwa hiyo lazima rufu, paa la gari, inyanyuliwe. Hii kazi ya sekunde tano kwa dereva mzima, kwangu ina hesabu zake. Vile vikomeo vya chuma unavifungua kwa kidole gumba na cha shahada, na kucha zangu zimeachia kwa chini, ukikwaruza kidogo unaona machozi. Natumia mpini wa bisibisi kugonga kikomeo, alafu rufu naisukuma kwa bega na kiganja, sio kwa vidole. Binti akaja kunisaidia upande wa pili wala sikukataa.

Saa 5 asubuhi

Momella. Wageni wamekwenda kutembea kwa miguu na renja mwenye bunduki mpaka maporomoko ya Tululusia, mi nabaki na gari. Zamani huu ulikuwa muda wa kulala siti ya nyuma, sa hivi nazunguka gari taratibu, nasukuma ukuta, yani bodi ya gari, kunyoosha misuli ya nyuma ya mguu, nainama, nageuka kiuno huku na huku. Madereva wenzangu wanacheka, wanasema Mzee wa mazoezi anajiandaa kupanda Meru.

Mmoja wao, kijana mdogo, akanifuata pembeni akaniuliza, braza hivi ulijuaje ni huo ugonjwa, maana bamdogo wangu dole gumba la mguu linamvimba wanasema jongo. Nikamsimulia. Hata mimi niliambiwa jongo, nikaacha nyama choma, nikaacha maharage, yurik asidi, ile ya kwenye damu inayoleta jongo, ikapimwa iko kawaida. Kucha zilikuwa zina vishimo vidogo vidogo na rangi ya njano, nikapewa dawa ya fangasi miezi na miezi, hazikubadilika. Kipimo cha damu cha baridi yabisi ile ya kawaida kikarudi hakina kitu, nikaambiwa basi huna ugonjwa. Kumbe wenye soriasis ya viungo wengi wao kipimo hicho huwa hakionyeshi kitu, na hakuna kipimo kimoja cha damu kinachosema ndiyo ni hii, lazima mtu akuangalie mwili na akusikilize.

Aliyeiona alikuwa daktari wa ngozi Moshi. Pale hospitali ya KCMC kuna kile kituo cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi, kipo tangu miaka ya 90 mwanzoni, madaktari wa ngozi wa nchi nyingi za Afrika wamesomea pale. Mi nilikwenda kwa ajili ya mabaka tu, yeye akashika vidole, akaangalia kucha kwenye mwanga, akaangalia nyuma ya masikio, ndani ya nywele, kitovuni, maana soriasis inajificha huko, alafu akaniuliza asubuhi unaamkaje? Hilo swali hakuna aliyekuwa ameniuliza. Akaniambia katika watu wenye soriasis ya ngozi mpaka 30 kwa 100 wanaweza kupata ya viungo, wengi ikianzia umri wa miaka 30 mpaka 50, na kawaida ngozi inatangulia, viungo vinakuja miaka kama 10 baadaye, ingawa kuna wachache viungo vinatangulia.

Kijana akauliza, sa bamdogo je? Nikamwambia mi sio daktari, ila jongo mara nyingi linakuja ghafla usiku, kiungo kinawaka hata shuka hutaki liguse, baada ya wiki moja mbili linaondoka, huu wangu mimi ulivimbisha kidole kizima kikakaa hivyo wiki na wiki. Mwangalie kucha na viwiko, kama kuna magamba mpelekeni kwa mtu wa ngozi, msikae kubadilisha vidonge vya maumivu tu, kwa sababu uvimbe ukiachwa unakula mfupa na ukishakula haurudi.

Saa 7 mchana

Chakula kando ya ziwa, flamingo wako upande wa pili wamejaa pinki. Mzee mgeni anatoa bia kwenye kibaridi ananipa. Kwanza naendesha, pili nipo kwenye methotreksati, vidonge vyangu vya kutuliza kinga ya mwili, na hiyo dawa na pombe vyote vinakwenda kulitesa ini moja. Nikanywa maji.

Kuhusu chakula nimeshaambiwa kila kitu, acha ngano, kunywa mlonge, kunywa mkojo wa ng'ombe sijui. Hakuna chakula kilichothibitishwa kuponya hii kitu. Kinachosaidia kweli ni kupunguza uzito kama umezidi, kwa magoti na visigino na hata dawa zinafanya kazi vizuri zaidi, na pia moyo, sisi wenye huu ugonjwa hatari ya magonjwa ya moyo iko juu kuliko wengine. Sigara nayo bora uiache. Nyama yangu nakula, kwa kiasi, na mtori wa mama mkwe siuachi kwa lolote.

Saa 9

Vumbi limeingia jichoni. Kwa dereva jicho jekundu ni kitu cha kila siku ila mi siruhusiwi kudharau, maana huu ugonjwa unaweza kushambulia ndani ya jicho. Nikaosha kwa maji ya chupa, nikasubiri dakika chache likatulia, ni vumbi. Ingekuwa linauma kwa ndani, mwanga unachoma na kuona kumefifia, hapo ni hospitali siku hiyo hiyo, safari apewe mwingine.

Wakati huo huo nimekwaruzwa na mwiba mkononi nilipotoa mkono dirishani kuwaonyesha mbega. Kwa mwenye soriasis mkwaruzo sio mkwaruzo tu, baada ya wiki mbili hivi baka jipya linaweza kuota kwa kufuata mstari ule ule. Nimeosha, nimepaka mafuta, tutaona. Ndo maana mashati yangu yote ya mikono mirefu.

Saa 11 jioni

Wageni nimewashusha, gari nimerudisha, foleni ya Kilombero imeniweka nusu saa kwenye bodaboda na hapo ndo uchovu unashuka. Na huu uchovu watu hawauelewi kabisa, sio wa kazi, ni mwili mzima umezimwa swichi, unaweza usiwe na maumivu yoyote na bado ukashindwa kuvua viatu. Nakaa kibarazani, dogo ananivua, ananiuliza baba leo umeona simba? Hifadhi ya Arusha haina simba, dogo, nimekwambia.

Saa 2 usiku

Ijumaa ndo siku ya methotreksati. Mara moja kwa wiki, nasisitiza, KWA WIKI, kuna watu wamekufa duniani huko kwa kuinywa kila siku wakidhani ni kama dawa nyingine. Mama watoto ameandika kwenye kalenda ya ukutani IJUMAA kwa kalamu nyekundu, na Jumapili ameandika foliki, ile vitamini inayopunguza vidonda vya mdomoni na kichefuchefu. Kabla ya kuanza walinipima ini, figo, damu, homa ya ini, VVU na picha ya kifua, na bado kila baada ya muda natolewa damu. Mwanamke anayetaka kushika mimba hii dawa haimhusu kabisa, aongee na daktari wake kwanza.

Kingine ambacho nimekikariri mpaka duka la dawa la mtaani wananijua: sinywi septrini, ile antibiotiki. Hizo dawa mbili zikikutana zinaweza kuzuia uboho usitengeneze damu, na septrini huku kwetu mtu ananunua akikohoa tu. Nikienda kununua chochote natangulia kusema natumia methotreksati.

Kuna zile sindano za kisasa kina adalimumabu, zinafanya kazi vizuri kweli kwa wengi, lazima upimwe TB kwanza kwa sababu TB iliyolala inaweza kuamka. Kwa bei yake mi bado sijafika huko, na daktari anasema kwa kuwa vidole vimepungua na kilichobaki ni hiki cha pete tuendelee kwanza na vidonge tuone miezi mitatu.

Ile dawa kesho yake inanichosha na kutibua tumbo, ndo sababu niliomba Jumamosi nisipangiwe safari. Asubuhi nikijisikia vizuri nitakwenda maabara kutoa damu, majibu niende nayo kliniki Moshi Jumatatu, alafu nipitie yadi, fundi ameahidi kuicheki ile klachi.