Linamarini: sumu ya muhogo yenye jina la kitani

Ile sauti ya WhatsApp imerudi tena. Safari hii imeingia kwenye kundi la wazazi: bwana mmoja mwenye sauti nzito ya kidaktari anatangaza kwamba muhogo una sianidi, ile sumu ya kuua, na kwamba wakubwa wanalijua jambo hili ila wanatuficha. Asubuhi yake nikaingia kidato cha tatu, sijafuta hata ubao, binti mmoja wa nyuma akanyoosha mkono: "Mwalimu, sasa babu yangu amekula muhogo tangu azaliwe, mbona yuko hai na bado anagombana na majirani?"

Swali zuri kuliko mengi yaliyomo kwenye silabasi. Jibu lake halikutosha kipindi kimoja, ndiyo maana naliweka hapa.

Yule bwana hakudanganya moja kwa moja. Muhogo ukiwa mzima ardhini hauna sianidi iliyo huru, au inayo kidogo mno. Kilichomo ni linamarini. Hii ni molekuli ya glukosi, sukari ya kawaida kabisa, iliyoshikamana na kipande kingine kilichoibeba sianidi ndani yake. Ikiwa hivyo imetulia, haimdhuru muhogo wenyewe. Linamarini hukaa kwenye vakuoli, ile akiba ya maji katikati ya seli. Kwenye ukuta wa seli hukaa kimeng'enya kinachoitwa linamarasi, chenye kazi ya kuivunja. Ni njiti na kiberiti katika nyumba moja, vyumba tofauti. Panya akitafuna, jembe likikata, mchi ukishuka, kuta zinapasuka na viwili hivyo vinakutana. Glukosi inabanduka, na kilichobaki hakidumu: kinaachana kuwa asetoni na haidrojeni sianidi.

Sasa sikilizeni hapa, maana ndipo chakula chetu chote kilipo. Haidrojeni sianidi huchemka kwenye nyuzijoto 26 hivi. Mchana wa Dar es Salaam umekwisha kuipita hiyo kabla ya saa nne asubuhi. Ikishaachiliwa, ukiipa nafasi na muda, inaondoka yenyewe na hewa. Shida ni ile ambayo haijaachiliwa. Linamarini nzima haiogopi moto. Unaweza kuichemsha na ikabaki linamarini. Linamarasi ndiyo inayoogopa moto, kama vimeng'enya vingine. Kwa hiyo ukikitia kitu chenye linamarini nyingi kwenye maji ya moto kikiwa kizima, umemuua mfanyakazi kabla hajaanza kazi. Utakachopata ni kile tu kitakachoyeyuka na kutoka na maji, kama utayamwaga.

Ponda kwanza, moto baadaye. Kanuni yote ndiyo hiyo.

Kwetu ni Newala, juu kwenye uwanda wa Makonde, na mama yangu hajawahi kukaa darasa la kemia. Lakini ukimwona anaandaa kisamvu utadhani anafuata maelekezo ya maabara. Anachuma yale majani machanga ya juu, anatoa vikonyo, anayaweka kwenye kinu kidogo kidogo, si yote kwa mpigo. Mwanzoni mchi unasikika mkavu, majani yanaruka. Baada ya muda sauti inakuwa nzito, majani yanaanza kutoa maji ya kijani, yanashikana na kupanda na mchi. Hapo anasimama, anachota kidogo, anasugua kati ya kidole gumba na cha shahada. Akisikia bado kuna kipande cha jani, anarudi. Harufu inayotoka pale ni kali, inapanda puani. Anapokibandika jikoni, sufuria linakaa wazi mpaka kichemke sana, na nazi haiguswi mpaka mwisho.

Shangazi yangu yeye huongeza magadi kidogo. Anasema ni ya kulainisha. Ni kweli inalainisha, ila ina kazi nyingine ambayo hakuiomba: kile kipande kinachobaki glukosi ikishabanduka huvunjika upesi zaidi mahali penye magadi kuliko mahali penye uchachu. Nilipomweleza akanitazama, akasema, "Mwanangu, mimi nataka kilainike tu." Sawa, shangazi.

Kuna ugomvi wa blenda nyumbani. Wifi yangu anasaga kisamvu kwa blenda na mama anaona ni uvivu. Kwa ladha simwingilii mama, mambo ya kinu ana haki nayo. Kwa kemia niko na wifi: kisu cha blenda kinapasua seli vizuri tu. Ninaogombana nao mimi ni wale wa video za mapishi, wanaokata majani ya muhogo kwa kisu kama sukuma wiki na kuyarusha kwenye mafuta ya moto dakika tano. Jani la muhogo lina linamarini nyingi kuliko nyama ya mzizi. Muulizeni mama yeyote wa Bukavu anayepika sombe, au wa Kigali anayepika isombe, kama amewahi kulipika jani zima.

Halafu jina. Wanafunzi hunishangaa ninavyolikasirikia. Linamarini ilitolewa kwanza kwenye kitani, mmea ule wa nyuzi za kufumia mashati ya bei mbaya. Mwaka 1891, Jorissen na Hairs waliipata kwenye machipukizi ya kitani, na kwa kuwa kitani kwa Kilatini ni Linum na chungu ni amarus, jina likawa limepatikana. Mwanzoni mwa karne ya 20 wanakemia wa Kiingereza, Dunstan na Henry, wakaikuta kwenye maharage ya lima, Phaseolus lunatus, wakaiita faseolunatini. Baadaye ikaonekana ni kitu kile kile, na kwenye muhogo ni kile kile pia. Jina la kwanza likashinda. Muhogo una pia ndugu mdogo wa linamarini, lotaustralini, ambaye jina lake limetoka kwenye mmea wa Australia, Lotus australis. Mmea unaolisha mamia ya mamilioni ya watu una sumu mbili, na hakuna hata moja iliyobeba jina lake! Nikilalamika hivi mwalimu mwenzangu wa baiolojia hunikumbusha kwamba muhogo wenyewe ni mgeni, uliletwa na Wareno kutoka Amerika ya Kusini. Namwambia mgeni aliyekaa miaka mingi hivyo amekwisha kuwa mwenyeji.

Turudi kwa babu aliye hai. Inategemea alikuwa anakula muhogo gani. Muhogo mtamu na mchungu ni spishi moja, Manihot esculenta. Tofauti ni kiasi. Muhogo wa kuchoma wa barabarani, unaopakwa chumvi na pilipili, ni wa mitamu. Unamenywa, unapikwa, unaliwa. Huko kwetu mashamba yaliyo mbali na nyumba hupandwa mchungu kwa makusudi. Nguruwe pori na nyani wanaujua. Mwizi naye anaujua, kwa sababu hawezi kung'oa usiku akachemsha asubuhi. Uchungu ni mlinzi asiyelipwa mshahara, ila anadai kazi baadaye.

Kazi yenyewe ni siku. Kuloweka kwenye maji siku tatu au nne mpaka mzizi ulainike ndiyo njia iliyo bora. Linamarini karibu yote inaondoka. Wa Kanda ya Ziwa wanavundika: muhogo uliomenywa unalundikwa na kufunikwa, unaota ukungu, ukungu unakwanguliwa, ndipo unaanikwa na kuwa udaga. Wa Afrika Magharibi wanaparua na kukamua kutengeneza chakula chao kinachoitwa gari, na kuparua kunapasua seli kweli kweli. Njia dhaifu ndiyo ile rahisi: kumenya, kupasua vipande, kuanika moja kwa moja juani yakawa makopa. Kipande kinakauka kwa nje haraka, seli za ndani hazikupasuka, na linamarasi bila maji haifanyi kazi. Robo mpaka theluthi ya linamarini inaweza kubaki humo, nawe unasaga unga mweupe unaopendeza.

Mwaka wa mvua, mambo hupita. Mwaka wa ukame yanaungana mabaya matatu. Muhogo wenyewe unaongeza linamarini kwa sababu umebanwa na kiu. Watu wana njaa, siku nne za kuloweka zinakuwa mbili au moja, na maji ya kulowekea yako wapi? Na kitoweo hakuna. Hilo la tatu watu hulisahau. Mwili unaiondoa sianidi kwa kuipa salfa na kuigeuza kitu kisicho na madhara makubwa, na salfa hiyo inatoka kwenye protini: samaki, nyama, mayai. Anayekula muhogo kwa changu wa nazi yuko pengine kabisa na anayekula ugali wa muhogo kwa chumvi wiki nzima.

Matokeo yana jina: konzo. Jina ni la Wayaka wa Kwango, Kongo, ambako daktari Trolli aliandika habari zake mwaka 1938. Maana yake ni miguu iliyofungwa. Mtu analala mzima, anaamka miguu imekakamaa, na haiachii tena maisha yake yote. Huwapata zaidi watoto na wanawake walio katika umri wa kuzaa. Mwaka 1981 iliwakumba zaidi ya watu elfu moja mkoa wa Nampula, Msumbiji, ng'ambo ya Ruvuma kutoka kwetu ukishaupita mkoa wa Cabo Delgado, na Hans Rosling, yule Mswidi aliyekuja kusifika kwa takwimu, ndiye alikuwa daktari huko. Katikati ya miaka ya 1980 ikatokea Tarime. Baada ya mwaka 2000 ikaonekana tena kusini mwa Tanzania.

Na kuna sumu ya papo hapo, isiyosubiri wiki. Kasese, Uganda, Septemba 2017: watu 98 waliugua na wawili wakafa baada ya kula ugali wa unga wa muhogo, baadhi yao wakiwa msibani. Unga ulipopimwa ulikuwa na wastani wa miligramu 88 za sianidi kwa kilo. Kiwango kinachokubalika ni 10.

Kwa hiyo namjibu yule bwana wa WhatsApp: unga ndio wa kuuliza maswali, si muhogo. Ukinunua sokoni, muulize muuzaji muhogo wake ulilowekwa siku ngapi. Akikujibu "huu ni mzuri tu dada", nenda nao nyumbani ufanye alichokibuni mwanakemia Howard Bradbury wa Australia, na ambacho Taasisi ya Chakula na Lishe imekwisha kukipeleka vijijini kusini. Tia unga kwenye bakuli, weka alama ubavuni pale ulipofika. Ongeza maji huku unakoroga. Unga utashuka kisha utapanda, ukifika tena kwenye alama acha. Umwage juu ya mkeka au turubai safi, utandaze uwe mwembamba usiozidi sentimita moja, saa mbili juani au tano kivulini. Maji yanaiamsha linamarasi iliyokuwa imelala kwenye unga, inamaliza kazi, sianidi inaondoka. Songa ugali siku hiyo hiyo kwa sababu unga uliolowa unachacha. Mama alikubali kujaribu kwa kunihurumia tu, akala, akasema ugali hauna ule uchungu wa mwishoni kooni. Sasa anafanya bila kuniambia.

La mwisho ni kwa wafugaji walioniuliza kwenye simu: ganda la muhogo lina linamarini zaidi kuliko nyama yake. Msiwamwagie mbuzi likiwa bichi. Likatekateni, lianikwe mpaka likauke, ndipo wapewe.