Nilivyompeleka mama Rasi ya Tumaini Jema akiwa na magoti yanayouma

Mama yangu alifundisha shule ya msingi zaidi ya miaka thelathini, na mwanafunzi wake yeyote ukimuuliza leo atakutajia Bartolomeu Dias, 1488, Wareno wanatafuta njia ya bahari ya kwenda India, dhoruba, Rasi ya Tumaini Jema. Ramani ya Afrika alikuwa anaichora ubaoni bila kufungua kitabu, akifika kule chini kabisa anapagonga na chaki mara mbili, tok tok, halafu anageuka kuwaangalia watoto. Mwenyewe hajawahi kufika. Kwa hiyo nilipopata safari ya kikazi ya Cape Town nikasema hapana, hii siendi peke yangu, nikaongeza siku tatu za likizo na hela yangu mwenyewe, tukaenda wote.

Shida ni magoti. Mama ana miaka 68, kwenye tambarare anatembea vizuri tu lakini ngazi zinamtesa, tena kushuka ndiko kunakomuumiza kuliko kupanda. Na ile pwani yote ya rasi ni majabali, miteremko, njia za mawe na upepo wa kukusukuma. Nilifikiria kukodi gari niendeshe mwenyewe ili tusimame tunapotaka, nikaacha, kwa sababu barabara yenyewe sijawahi kuipita, upande mmoja mlima upande mmoja bahari, ningekuwa nimekodoa macho kwenye kona siku nzima na mama hana wa kumuelezea kitu. Nikaamua safari ya siku moja ya kuongozwa.

Kampuni ya kwanza niliyoiandikia ilikuwa ya mabasi makubwa. Niliuliza swali moja tu, kuna ngazi kiasi gani kila mnaposimama, wakanitumia orodha ya bei. Nikauliza tena, wakanitumia orodha ile ile. Nikaachana nao. Ya pili ilikuwa na kibasi cha watu kumi na wawili, na aliyenijibu alikuwa dereva mwenyewe ambaye ndiye muongozaji, akanirekodia sauti ndefu kwenye WhatsApp akinielezea kituo kwa kituo: hapa mama atatembea, hapa atakaa, hapa usimshushe. Hapo nikajua nimempata mtu. Nikamuuliza na mengine, tunasimama dakika ngapi kila mahali, vyoo viko wapi, viingilio vya hifadhi na vya pengwini vimo kwenye bei au tunalipa pembeni (vilikuwa pembeni, na ukijumlisha si hela ndogo, uliza mapema), na ile barabara ya Chapman's Peak, iliyochongwa mlimani juu ya bahari, ikifungwa mnapita wapi. Hilo la mwisho watu wengi hawaulizi, ila barabara ile hufungwa mawe yakianza kuanguka au hali ya hewa ikichafuka, na wewe pengine ndiyo uliyoifuata. Akasema ikifungwa tunavuka mlima kwa barabara nyingine inayoitwa Ou Kaapse Weg, bado tutafika, ila huo utamu mtaukosa.

Akanishauri pia tubuku siku ya kwanza kati ya zile tatu, siyo ya mwisho. Sababu ni upepo. Miezi ya joto kule unavuma upepo wa kusini mashariki ambao wenyeji wanauita Daktari wa Cape kwa kuwa unafagia hewa chafu ya mji, na siku ukiwa mkali huko kwenye rasi mtu mzima hasimami vizuri, sembuse mwenye magoti mabovu. Ukibuku siku ya kwanza una nafasi ya kusogeza. Tulikuwa Februari, na kweli usiku kabla ya safari upepo ulilia kwenye madirisha mpaka nikakosa usingizi, asubuhi ukatulia kidogo, akatuma meseji: tunaenda.

Halafu siti. Hili nililifikiria mwenyewe kwa kuangalia ramani na najivunia. Safari nyingi zinashuka na upande wa magharibi, Camps Bay, Hout Bay, Chapman's Peak, mpaka kwenye rasi, halafu zinarudi na upande wa mashariki kupitia Simon's Town na Muizenberg. Ukizunguka hivyo bahari inakuwa kulia kwako kwenda na kurudi. Kwa hiyo nikaomba tuchukuliwe wa kwanza hotelini, tukazunguka mji karibu saa nzima kuokota wenzetu, lakini mama alikaa dirishani nyuma ya dereva, kulia, na hiyo siti hakuiachia mpaka jioni.

Camps Bay tulisimama kidogo, ile milima nyuma yake inayoitwa Mitume Kumi na Wawili, mama akaihesabu, ikazidi kumi na mbili, akasema basi aliyeiita hakuhesabu vizuri. Hout Bay wenzetu wakapanda boti kwenda kuwaona sili kwenye kisiwa cha Duiker, sisi tukabaki gatini. Nilishaamua toka mwanzo kwamba boti hatupandi, bahari ilikuwa na mawimbi na kuingia na kutoka kwenye boti linaloyumba ndiyo kitu cha kumaliza goti asubuhi asubuhi. Kuna sili wawili walikuwa wanaelea hapo hapo gatini wamelala chali, mama akawaangalia dakika arobaini zote na hakuona kama amekosa kitu.

Chapman's Peak sasa. Kilomita tisa, kona 114, imechongwa kwenye ubavu wa mlima kati ya 1915 na 1922. Dereva akasimama kwenye kituo cha kuegesha juu akatuonyesha ukuta wa mlima, chini ni jabali gumu la matale, juu yake ni matabaka ya mawe ya mchanga, mekundu, manjano, meusi kidogo, yamepangana kama vitabu kwenye rafu, na barabara ilipitishwa pale pale yanapokutana kwa sababu jabali la chini ni gumu na juu yake ni tambarare, na mawe ya juu ndiyo rahisi kuchimba. Hilo jabali lina miaka kama milioni 540. Mama akauliza mara mbili ahakikishe nimetafsiri sawa. Halafu ukiangalia chini, maji ya kijani yanapasuka kwenye mawe, mbali sana, huisikii hata sauti. Nisiseme uongo mimi niliogopa. Mama ndiyo kabisa, kona za mwanzo alikuwa ameshika kiti cha dereva anasema kwa Kiswahili, "Taratibu mwanangu, taratibu," na yule kijana wala haelewi lugha lakini alipunguza mwendo, akaitikia, "Yes Mama." Wakaelewana hivyo siku nzima.

Ukiingia hifadhini mandhari yanabadilika, hakuna mti wa maana, ni vichaka vifupi vifupi hadi baharini, vinaitwa fynbos. Unaweza kupita ukadhani ni pori kavu tu, kumbe eneo hilo la Cape lina aina kama 9,000 za mimea na zaidi ya nusu hazioti popote pengine duniani. Tuliona mbuni wanatembea ufukweni kabisa, mawimbi nyuma yao, nimepiga picha na bado nikiiangalia naona kama siyo mahali pake.

Cape Point, ncha ya jirani na Rasi ya Tumaini Jema yenyewe, ndipo nilipokuwa napaogopea zaidi kwa ajili ya mama, maana mnara wa taa wa zamani uko juu mita 238 kutoka usawa wa bahari. Kuna kitreni kinachovutwa na waya kupanda mlima, kinaitwa Flying Dutchman, jina la ile meli ya mizimu ambayo mabaharia walisimuliana inazunguka rasi bila kutia nanga. Dakika chache uko juu. Ila jua hili, kitreni hakikufikishi mnarani, ukishuka bado kuna ngazi, na siyo tano au sita. Dereva alishanionya, kwa hiyo nilimtafutia mama mahali pa kukaa hapo kituo cha juu, kwenye ukuta unaokinga upepo, na bahari yote mbele yake. Nikataka nikae naye. Akanifukuza. "Nenda ukapande, mimi naona kutoka hapa. Ukirudi unisimulie, usiruke kitu."

Nikapanda, nikarudi nikamsimulia. Ule mnara uliwashwa 1860 na ulijengwa juu mno, mawingu na ukungu vilikuwa vinaufunika, meli zikiwa mbali zinauona na zikiwa karibu haziuoni. 1911 meli ya Wareno ya Lusitania (siyo ile iliyozamishwa vitani, ni nyingine) ikagonga mwamba wa Bellows chini pale, ndipo wakajenga mnara mwingine chini zaidi, mita 87, ukaanza kazi 1919. Mama akatikisa kichwa, "Wareno tena." Halafu akakaa kimya anaangalia maji. Akaniambia miaka yote alikuwa anafundisha dhoruba kama neno tu, sasa anaisikia masikioni, na hii ndiyo siku iliyotulia.

Wakati tunashuka nyani alimpora mwenzetu mfuko wa chakula. Siyo mchezo, nyani wa pale ni wakubwa na hawaogopi watu, wanajua begi lenye kitu. Usile nje, usiwape chochote, madirisha ya gari yafungwe. Dereva alituambia asubuhi na bado ilitokea.

Kutoka Cape Point kwenda kwenye rasi yenyewe kuna njia ya miguu juu ya majabali, wenzetu walitembea. Hapa ndipo kumwambia dereva mapema kulipotusaidia, badala ya mama kubaki akiwasubiri, alitupeleka kwa gari mpaka chini kwenye kile kibao kilichoandikwa Rasi ya Tumaini Jema, tukafika kabla yao na foleni ya picha ilikuwa fupi. Ardhi hapo ni mawe ya duara duara yanayoteleza, nilimshika mkono hatua kwa hatua. Akasimama mbele ya kibao. Nikamwambia tabasamu, hakutabasamu, alisimama kama anasimama gwaride. Picha ile nzuri kuliko zote nilizowahi kumpiga.

Kisha akasoma kibao. Kinasema ni ncha ya kusini magharibi kabisa ya bara la Afrika. Akaniuliza, "Magharibi imetoka wapi?" Nikamuuliza dereva, akaeleza kwa upole sana kwamba ncha ya kusini kabisa ni rasi ya Agulhas, iko mbele huko upande wa mashariki, kama kilomita 150, na ndiko bahari ya Hindi na Atlantiki zinakogawana rasmi, siyo hapa. Mama hakujibu. Tukarudi garini. Baadaye ndipo akasema, "Miaka thelathini napagonga na chaki pasipo penyewe." Nilijisikia vibaya, nikamkumbusha kwamba ya Dias ni kweli, na Vasco da Gama alipita hapa 1497 na mwaka uliofuata akafika Malindi, hayo yote aliyafundisha sawa. Akasema, "Najua, lakini kusini ni kusini."

Boulders, karibu na Simon's Town, ilimrudisha. Kuna njia za mbao zilizonyooka hadi kwa pengwini, kwa mwenye magoti hapo ndipo pazuri kuliko pote, usiingie ule upande wa kupanda mawe. Pengwini wa Afrika wanalia kama punda kabisa, ukifumba macho utaapa kuna punda. Walianza jozi mbili tu 1982 wakaongezeka sana, sasa wanapungua tena kwa sababu dagaa ambao ndio chakula chao wamekuwa haba, na 2024 waliwekwa kwenye kundi la viumbe walio hatarini zaidi kutoweka. Mmoja alikuwa amesimama peke yake pembeni ya ubao anabadilisha manyoya, amechakaa. Mama akaniambia nisimkaribie, aachwe apumzike.

Njia ya kurudi ndiyo sehemu niliyoipenda kimya kimya. Hiyo ghuba inaitwa False Bay, ghuba ya uongo, mabaharia waliokuwa wanarudi kutoka mashariki waliiona rasi ya Hangklip wakadhani ndiyo Cape Point, wakakata kona mapema wakajikuta humo ndani. Mama alilipenda sana hilo. Akasema kumbe na wao walikosea, na walikuwa na dira.

Saa kumi na moja na nusu tulikuwa hotelini. Magoti yalivimba kidogo, nikamkanda na maji baridi, na kesho yake hatukwenda popote, nililipanga hivyo toka mwanzo, mtu mzima umpe siku ya kupumzika baada ya mzunguko kama ule. Kitu ningebadilisha ni fimbo ya kutembelea, sikubeba, na kofia yake ilipeperushwa baharini, ningechukua ya kufunga kidevuni.

Usiku nikamsikia anaongea na simu chumbani, na mwalimu mwenzake waliyefundisha naye, bado wanapigiana kila wiki. Nilidhani anamsimulia pengwini. Anasema, "Una kalamu? Andika. A, G, U, L, H, A, S."