Uyoga wa kuoka: kwanza maji yatoke

Uyoga mbichi ni maji. Katika nusu kilo unayobeba kutoka sokoni, karibu gramu 450 ni maji, na kazi yote ya kuuoka ni kuyatoa. Wanaolalamika kwamba uyoga wao ulitoka wa kijivu, mlegevu, unateleza mdomoni, mara nyingi waliupa moto wa kutosha na muda wa kutosha. Ila ulichemka ndani ya maji yake wenyewe. Mimi huuoka kwa oveni ndogo ya mezani na pia kwa sigiri ya mkaa, na njia zote mbili zilinikubali pale nilipoacha kuhangaika na viungo nikaanza kuhangaika na mvuke.

Kampala iko juu ya usawa wa bahari kwa mita 1,200 hivi, kwa hiyo maji huku huchemka kwenye nyuzi 96, si 100. Uyoga ambao bado una maji hautapita joto hilo, hata kama oveni umeiweka kwenye 220. Ile rangi ya kahawia na ile harufu inayokaribia ya nyama choma huanza kutokea kwenye nyuzi 140 hivi. Mpaka maji yaishe, hakuna rangi, hakuna harufu, na hakuna kiungo kitakachoziba pengo hilo.

Uyoga ninaouzungumzia ni ule wa kupandwa, wa rangi ya kijivu au nyeupe, wenye umbo la sikio, unaoota kwa vishada ubavuni mwa mifuko iliyojazwa maganda ya mbegu za pamba. Wauzaji wengi huuita oista. Obubaala, ule mdogo mdogo unaoota kwenye ardhi ya mchwa mvua zinapoanza, siuoki. Ni mdogo mno, hukauka kabla haujapata rangi, na utamu wake unajitokeza zaidi kwenye mchuzi wa njugu. Uyoga wa porini nisioujua kwa jina siugusi kabisa, na msomaji naye asiuguse: ule wenye sumu ya kuua hauponyeki kwa moto, na zile habari za kuupima kwa kitunguu au kwa sarafu ya fedha si za kweli.

Unaponunua, usitazame weupe tu. Geuza kishada uone mikunjo ya chini: iwe mikavu, imesimama, haijapata rangi ya njano. Harufu iwe ya udongo safi. Ukinusa harufu kali kama ya mkojo au samaki, huo umeanza kuoza. Utando mweupe kama pamba kwenye shina si ukungu wa kuharibika, ni uyoga wenyewe unaoendelea kukua. Utando wa kijani au mweusi ndio wa kutupa. Na ukishafika nyumbani, utoe kwenye kaveera, yaani mfuko wa plastiki, mara moja. Ndani ya kaveera hutoa jasho, na jasho hilo ndilo linaloleta utelezi kufikia kesho yake. Ufunge kwenye karatasi kavu, uweke kwenye friji, utakaa siku tatu au nne.

Kuuosha: kwa kuwa huu wa kupandwa hauguswi na udongo, natumia kitambaa kibichi kidogo kufuta vumbi, basi. Mikunjo ya chini hushika maji kama sifongo. Kama lazima uoshwe, upitishe chini ya bomba haraka, uukung'ute, kisha uutandaze juu ya taulo kwa nusu saa kabla ya kuupeleka motoni. Kuuloweka kwenye beseni ni kujiongezea dakika kumi za kupika na kupunguza ladha.

Kisu natumia mahali pamoja tu, kwenye kitako kigumu kinachounganisha kishada. Nakikata na kukiweka kwa ajili ya supu, kwa sababu kwenye oveni kinabaki kigumu kama gome. Vipande vingine nachana kwa mkono, kufuata mistari ya mikunjo, kila kimoja upana wa vidole viwili. Vionekane vikubwa kupita kiasi, kwa sababu vitapungua hadi nusu. Kuchana kunaacha kingo zenye nyuzinyuzi, na kingo hizo ndizo zinazokauka na kuwa kama chipsi.

Kwa watu watatu au wanne wanaokula na matoke au posho (ugali), nusu kilo inatosha. Mafuta vijiko vitatu vya mezani, ya alizeti ni mazuri kwa kuwa hayana harufu ya kushindana na uyoga. Kitunguu saumu punje tatu zilizosagwa, chumvi nusu kijiko cha chai, pilipili manga, na nusu limao.

Sinia la oveni yangu lina sentimita 25 kwa 30 na linabeba gramu 250, si zaidi. Nusu kilo naoka mara mbili. Hapo ndipo wengi huharibu: wanaona sinia lina nafasi, wanajaza, vipande vinapandana, na mvuke wa cha chini unakilowesha cha juu. Kila kipande kilale peke yake, na kati yake na jirani pawe na upana wa kidole. Kwa hofu ya umeme, oveni ya wati 1,500 ikiwaka dakika 65, yaani kupasha moto na mizunguko miwili, haiwezi kula zaidi ya uniti 1.63 za Yaka, umeme wa kulipia kabla, na kwa kawaida ni chini ya hapo kwa kuwa koili huzima na kuwaka.

Washa oveni kwenye nyuzi 220 na uache sinia tupu ndani kwa dakika 15. Huku ukisubiri, changanya uyoga na mafuta kwenye bakuli kwa mkono, taratibu, hadi kila kipande king'ae kidogo. Uyoga hunywa mafuta palipomwagikia kwanza, kwa hiyo ukiyamwaga sehemu moja, kipande kimoja kitalowa na vingine vibaki vikavu. Chumvi bado. Chumvi huvuta maji nje, na ikitangulia, sinia litajaa dimbwi kabla joto halijaanza kazi. Mwaga uyoga kwenye sinia la moto. Unatakiwa kusikia mlio wa kukaanga papo hapo. Kimya maana yake sinia halijapata moto.

Oveni hizi za mezani nyingi hazina feni, mvuke hukaa ndani. Kila baada ya dakika saba nafungua mlango kwa kuhesabu hadi kumi, wingu linatoka, nafunga. Dakika ya 12 nageuza vipande. Dakika ya 20 naanza kuangalia kwa makini. Kitunguu saumu nakitia dakika tatu za mwisho tu. Kikiingia mwanzoni kitakuwa cheusi na chungu kabla uyoga haujaanza kupata rangi. Dakika 22 hadi 25 uyoga umekuwa tayari: kingo za kahawia zinavunjika, katikati bado laini na inavutika kama nyama ya kuku. Hapo nanyunyiza chumvi na pilipili manga, na limao nakamua mezani, si jikoni, kwa sababu majimaji ya limao yanalainisha zile kingo ndani ya dakika chache.

Ukiwa na wasiwasi kwamba utaupitiliza, ondoa wasiwasi huo. Kuta za chembe za uyoga zimejengwa kwa kitini, kitu kile kile kilichomo kwenye ganda la senene, na kitini hakiyeyuki kwa joto la jikoni. Mchicha ukizidi dakika tano unasambaratika. Uyoga hausambaratiki, ukizidi dakika tano unakuwa mkavu zaidi kidogo, na wako watu wanaoupenda hivyo.

Kwenye sigiri mambo yanageuka, na hapa nimekaa muda mrefu zaidi kupata njia. Mtu anayejua kuoka mkate kwa kupalia, makaa chini na makaa juu ya mfuniko, atafikiri uyoga utakubali vivyo hivyo. Haukubali. Mfuniko unafunga mvuke ndani na baada ya robo saa unakuta mchuzi. Lazima kazi igawanywe mara mbili: kwanza kukausha wazi, ndipo kupalia.

Tumia sufuria nzito na pana, ya kipenyo cha sentimita 28 hivi, na gramu 250 kwa mara moja. Subiri mkaa wote uwe mwekundu wenye jivu jeupe juu, na sigiri iwe nje au kwenye baraza, kwa sababu hewa ya mkaa ndani ya chumba kilichofungwa inaua. Tia uyoga kwenye sufuria kavu, bila mafuta, pamoja na robo kijiko cha chai cha chumvi. Ndiyo, hapa chumvi inatangulia. Kwenye sufuria wazi yenye moto mkali tunataka maji yatoke yote haraka na kupaa, si kukaa yakitoka polepole.

Baada ya hapo sikiliza. Dakika ya tatu au ya nne maji yanajaa chini na sauti ni ya kutokota. Usiyamwage, ladha imo humo, acha yarudi. Kati ya dakika ya nane na ya kumi na mbili kutokota kunapungua, kunakuwa kuguguna, halafu kimya. Ukisogeza kipande, kinaacha alama kavu kwenye sufuria. Hapo ndipo mafuta yanaingia, kijiko kimoja na nusu cha mezani, na sauti inarudi ikiwa nyingine kabisa, nyembamba na ya haraka. Ukitia mafuta kabla ya kile kimya, yataelea juu ya maji na uyoga utayanywa bila kukaangika.

Sasa punguza makaa chini hadi nusu, na hayo uliyoyatoa yaweke juu ya mfuniko mzito ulio bapa. Kati ya mfuniko na ukingo wa sufuria egemeza mpini wa kijiko cha chuma, pabaki upenyo wa mvuke. Dakika nane, ukikoroga mara moja katikati na kutia kitunguu saumu karibu na mwisho. Matokeo hayafiki ukavu wa oveni, lakini moshi kidogo wa mkaa unaleta kitu ambacho oveni ya umeme haina, na kwa kula na kalo, ugali wa wimbi, mimi nauchagua huu.

Vishada vikubwa vilivyo bapa vinaweza pia kubanikwa moja kwa moja juu ya wavu. Vipake mafuta kidogo sana, wavu uwe kama sentimita 15 juu ya makaa, dakika nne kila upande. Mafuta yakizidi yatadondoka, yatawasha moto, na uyoga utapata masizi badala ya rangi.

Ladha za kuongeza ni chache zinazofaa. Simsim iliyokaangwa, kijiko kimoja cha mezani, inyunyizwe mwishoni kabisa. Siagi ukiipenda, kijiko cha chai baada ya kuepua, maana ikianza motoni inaungua. Nyanya sizitii, zinarudisha maji yote tuliyoyafukuza.

Ukibaki, usiufunike ukiwa wa moto. Uache upoe kwenye sahani, kisha friji. Kesho yake upashe kwenye kikaango kikavu kwa dakika mbili, uukatekate, uchanganye na mayai mawili kwa ajili ya rolex, chapati inayoviringishwa na mayai, na ile chumvi ya mayai uipunguze.