Kupanda Yoshino, mlima wa sakura

Treni ya Kintetsu kutoka Osaka iliishia Yoshino, mkoani Nara, na abiria wote tukashuka kwa shauku moja: kuona micheri ikichanua. Ilikuwa Aprili.

Sakura, yaani maua ya micheri, za Tokyo nilishaziona katika bustani ya Ueno. Nyingi ni aina ya Somei Yoshino, inayozalishwa kwa kupandikiza, hivyo miti yake ni nakala ya mti mmoja na huchanua kwa pamoja. Wiki moja hivi, imekwisha. Na kwa kuwa mwaka wa shule Japani huanza Aprili, watu wengi huyahusisha maua hayo na siku yao ya kwanza darasani.

Yoshino ni habari nyingine. Mlima una miti kama 30,000, mingi ikiwa yamazakura, mcheri wa porini, ambao majani yake mekundu huchomoza pamoja na maua. Kila mti una tabia yake. Nilipanda kwa miguu nikipita sehemu zake: Shimo, upande wa chini, maua yalikuwa yamepukutika na kutapakaa njiani, Naka, katikati, yalikuwa yamefurika bonde zima, meupe yakikaribia waridi, Oku, kileleni, vilikuwa vitumba tu.

Lakini miti hii haikupandwa kwa ajili ya watazamaji. Inasimuliwa kwamba katika karne ya 7 mtawa wa milimani, En no Gyoja, alichonga sanamu ya Zao Gongen, mungu wa milima hiyo, kwa gogo la mcheri. Mti ukawa mtakatifu, na vizazi kwa vizazi waumini wakaleta miche kuwa sadaka. Mbele ya hekalu la Kinpusen-ji nilisimama muda mrefu nikiliwaza hilo: msitu mzima uliotokana na nadhiri za watu ambao majina yao hayajulikani. Mtawala Toyotomi Hideyoshi alikuja mwaka 1594 na msafara wa watu 5,000, naye anakumbukwa. Mimi moyo wangu ulikuwa kwa wale waliobeba mche mmoja mmoja.

Huko Oku kuna kibanda panapokumbukwa makazi ya Saigyo, mshairi mtawa aliyeomba afe chini ya maua, majira ya kuchipua, mwezi ukiwa mpevu. Alifariki mwaka 1190, katika majira yale yale aliyoyaomba. Wageni wengi huishia Naka, kwenye vibanda vya sushi iliyofungwa kwa majani ya persimoni. Ukijaliwa kufika, kula, kisha panda mpaka Oku, hata kama maua ya huko bado hayajafunguka.