Fyuzi nyekundu ya taa ya kulia

Jumanne ile nilitoka kazini saa nne usiku. Nusu saa baadaye, gari lililokuwa likija mbele yangu lilichomoka nyuma ya lori likaingia upande wangu kana kwamba mimi sipo. Nilipiga honi, nikakanyaga breki, nikasogea pembeni hadi magurudumu yakaanza kusaga changarawe. Lile gari lilirudi nyuma ya lori zikiwa zimebaki hatua chache tu.

Nilisimama, nikashuka miguu ikitetemeka, nikazunguka mbele ya gari. Hapo nikaelewa yule dereva aliona nini. Taa ya kulia, upande wangu mimi ninayeendesha, ule ulio karibu na katikati ya barabara, ilikuwa giza. Iliyokuwa ikiwaka ni ya ukingoni peke yake. Kwa mtu anayekuja mbele nilikuwa pikipiki inayojiendea pembezoni, na nafasi ya kulipita lori ilikuwepo tele. Sikuweza kumkasirikia. Nilimaliza safari polepole nyuma ya basi moja, nikikopa mwanga wake.

Asubuhi nilikuwa na globu mpya mkononi, kwa sababu taa ya mbele ikifa, mara nyingi ni globu. Lakini kabla ya kuigusa niliwasha taa nikajaribu swichi hatua kwa hatua. Taa ndogo ya kuegeshea ikawaka. Dimu, mwanga wa karibu, upande wa kulia hakuna kitu. Fulu, mwanga wa mbali, hakuna kitu. Nikairudisha globu kwenye boksi lake.

Sababu ni hii. Gari langu linatumia globu za H4, zile zenye pini 3 na nyuzi 2 ndani ya kioo kimoja: uzi wa wati 55 wa dimu na uzi wa wati 60 wa fulu. Uzi mmoja ukiungua, wa pili kwa kawaida hubaki mzima. Nyuzi zote mbili kufa usiku mmoja, dakika ile ile, hutokea kwa nadra. Ila kuna vitu ambavyo nyuzi hizo zinavitumia pamoja: plagi iliyo mgongoni mwa globu, waya unaoileta, na fyuzi ya upande ule. Kama dimu peke yake ndiyo ingekuwa imekufa, ningebadilisha globu bila kuwaza mara mbili. Na kama taa za pande zote mbili zingezima kwa pamoja, ningeanzia kwenye swichi na rilei, ile swichi ya umeme inayowasha taa kwa amri ya swichi ya dereva. Kwenye magari yenye globu moja ya dimu na nyingine ya fulu, hoja yangu haisaidii sana. Huko hamisha globu ya upande unaowaka uiweke upande uliokufa, uone kama itawaka.

Gari langu lina visanduku viwili vya fyuzi. Kimoja kiko ndani, chini ya dashibodi karibu na magoti ya dereva, nacho kinashughulika na redio, vioo, wipa na mengine ya ndani. Cha pili kiko chini ya boneti karibu na betri, na ndicho chenye taa za mbele. Mgongoni mwa kifuniko chake kuna ramani. Nilikipeleka kifuniko kwenye mwanga nikakifuta vumbi kwa kitambaa, maana herufi zake ni ndogo mno. HEAD LH, HEAD RH, kila moja na 10A pembeni, yaani ampea 10. LH ni kushoto na RH ni kulia, lakini kulia kwa mtu aliyekaa kwenye kiti akitazama mbele. Wewe uliyesimama mbele ya boneti umegeuziwa, na ni rahisi sana kuchomoa fyuzi nzima ukaiacha mbovu. Baadhi ya magari huongeza HI kwa fulu na LO kwa dimu.

Juu ya kila fyuzi ya aina hii, ile bapa yenye miguu miwili, kuna vitobo viwili vidogo vinavyoacha chuma wazi. Vimewekwa kwa ajili ya kupimia. Niliwasha taa, nikabana mkia wa testa, kile kitaa cha kupimia umeme, kwenye negativi ya betri, nikagusa kitobo cha kwanza cha HEAD RH. Testa ikawaka. Nikagusa cha pili. Giza. Umeme unafika mlangoni na hauvuki. Kwenye HEAD LH, vitobo vyote viwili viliwasha testa. Napenda kupima hivi kuliko kuchomoa fyuzi moja moja na kuzitazama kwenye jua, kwa sababu kuna fyuzi zenye ufa mwembamba kama unywele ambao jicho haliuoni.

Nikazima taa, nikachomoa ufunguo, nikatumia kile kibano cha plastiki kilichobanwa ndani ya kisanduku. Fyuzi ilitoka ikiwa imeungua waziwazi: kile kidaraja cha ndani kimekatika, na plastiki yake nyekundu imepakwa weusi kwa ndani. Weusi ule ulikuwa ujumbe, na sikuusoma. Kidaraja kikiyeyuka taratibu kwa kuzidiwa na mzigo, mara nyingi unaona pengo safi katikati. Kikipasuka kwa shoti kali, madini yake huruka na kuchafua kuta. Mimi nilitazama rangi tu. Nyekundu ni 10. Buluu ingekuwa 15, njano 20, ile inayoonyesha kama kioo 25, kijani 30. Kwenye kisanduku palikuwa na nyekundu ya akiba, nikaichomeka hadi ikakaa, nikawasha, taa ikawaka dimu na fulu. Nilifurahi, nikafunga boneti, nikaenda kazini.

Ijumaa usiku, kwenye kipande cha barabara chenye mashimo, upande wa kulia ukazima tena.

Jirani yangu, mtu mwema ambaye hanitakii baya, alinishauri niweke ya njano. "Hiyo haitakatika," alisema. Nilikuwa na hiyo njano mkononi nilipoamua kumpigia mjomba, aliyeendesha malori miaka 30.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba mwanangu. Taa tena?"

"Fyuzi ile ile. Nimeambiwa niweke ya 20."

"Haitakatika kweli, kitakatika kingine. Uzi wa fulu una wati 60. Gawanya kwa volti 12, unapata ampea 5. Sasa 10 inakatika kwa nini? Kuna umeme unaotorokea mahali pengine. Fyuzi haiilindi globu, inaulinda waya. Ukiweka 20, siku shoti ikija waya wenyewe ndio utapata moto, ukiwa umefungwa pamoja na wenzake. Umeelewa?"

"Nimeelewa."

"Ilizima ukiwa unafanya nini?"

"Nilikuwa napita kwenye mashimo."

"Na mara ya kwanza?"

Nikanyamaza kidogo. Jumanne, muda mfupi kabla ya lile gari, nilipanda tuta ambalo sikuliona. Gari liliruka, mkoba ukaanguka chini ya kiti. Nilikuwa nimelisahau kabisa.

"Tuta," nikasema.

"Basi tafuta waya unaocheza."

Kazi ya kuutafuta ilinichukua asubuhi nzima ya Jumamosi, na ndiyo sehemu ninayotaka kuieleza kwa kirefu, kwa sababu watu wengi huishia kwenye kuchomeka fyuzi. Nilichomoa fyuzi iliyokufa, nikaacha nafasi yake wazi. Nikatoa plagi mgongoni mwa globu ili globu yenyewe isihesabike kwenye vipimo. Swichi ya taa nikaizima. Halafu nikaiweka mita pale inapolia ikikuta njia ya umeme. Ncha moja nikaigusisha kwenye mdomo wa fyuzi ule unaokwenda kwenye taa, na nyingine kwenye bolti tupu la bodi ya gari. Kuujua mdomo sahihi si kazi: ni ule ambao testa haikuwaka. Kama waya ni mzima, hakuna kinachopaswa kuunganisha mahali hapo na bodi, na mita itakaa kimya.

Ilikaa kimya, na kwa mtu mwenye haraka huo ndio mwisho wa uchunguzi. Lakini taa yangu ilikuwa inazima gari likirushwa, si likiwa limesimama. Nilimwomba mdogo wangu azishike ncha za mita zisitoke, nami nikaanza kulishika fungu la waya kwa mkono, kidogo kidogo, kuanzia kwenye kisanduku. Nalikunja, nalivuta, nalisukuma chini. Kimya. Nikasogea mbele hadi kwenye kona ya betri. Nikalisukuma upande wa chuma kinachoibana betri.

Mita ikalia. Nikaachia, ikanyamaza. Nikasukuma, ikalia.

"Hapo hapo, dada!" mdogo wangu akasema, na sote wawili tukainama kutazama.

Chuma kile kina ukingo mkali. Fungu la waya lilikuwa limelala juu yake, na mrija wa plastiki unaolifunika ulikuwa umetobolewa. Ndani yake waya mmoja ulikuwa umevuliwa ngozi kwa urefu wa punje ya mchele, shaba ikiwa nje, pembeni imeanza kuota ukijani. Karibu na hapo klipu ilikuwa inaning'inia tupu. Betri ilibadilishwa kama mwezi mmoja nyuma, na aliyeibadilisha alilifungua fungu lile kutoka kwenye klipu ili apate nafasi, kisha hakulirudisha. Kuanzia siku hiyo kila tuta lilikuwa linausugua waya wa taa yangu kwenye chuma. Bodi ya gari ni negativi. Shaba ilipogusa chuma taa zikiwa zimewaka, umeme uliacha kwenda kwenye globu ukapita njia fupi, mwingi kwa mara moja, na fyuzi nyekundu ikafanya kazi iliyowekewa. Kama ingekuwa ya njano, ile shaba ingepata muda zaidi wa kuwaka pale pale, sentimita chache kutoka kwenye betri. Nilihisi baridi mgongoni nilipolifikiria hilo.

Kutengeneza hakukuchukua muda. Nilifungua kwanza negativi ya betri, maana sitaki kushika waya ulio uchi karibu na betri yenye nguvu. Nyuzi za shaba zilikuwa zimechubuka tu, hakuna iliyokatika. Zingekuwa zimekatika ningeondoa kipande kile na kuunga kipya, kwa sababu waya uliopungua nyuzi hupata joto mahali palipo pembamba. Nilisafisha kwa kipande cha msasa laini hadi ukijani ukaisha, nikazungusha tepu ya umeme tabaka mbili nikiivuta ikaze, kisha juu yake tepu ya kitambaa, kwa kuwa ile ya kawaida peke yake gundi yake hulegea kwa joto la injini. Nikavisha mrija mpya uliopasuliwa ubavuni, nikalirudisha fungu kwenye klipu yake. Ukingo wa chuma nikaupiga tupa hadi kidole kikipita hakisikii makali. Sasa kati ya waya na chuma kunapita vidole viwili.

Kabla ya kurudisha fyuzi nilipima tena, nikilisukuma lile fungu kwa nguvu zangu zote. Mita haikulia. Nikachomeka nyekundu mpya ya 10, nikairudisha plagi ya globu, nikafunga negativi. Injini ikiwa inanguruma na taa zimewaka, mdogo wangu alishika bampa akalitikisa gari huku mimi nimekodolea macho taa ya kulia. Haikupepesa.

Ile globu mpya sikuihitaji. Iko kwenye boksi lake ndani ya gari, na siku nikiitumia nitaishika kwenye kitako cha chuma, maana mafuta ya vidole yakibaki kwenye kioo cha halojeni hufanya mahali hapo pazidi joto na globu hufa mapema. Pamoja nayo niliweka fyuzi za akiba, nyekundu tatu na moja ya kila rangi nyingine iliyoandikwa kwenye kifuniko, zikiwa kwenye kopo dogo la vidonge. Ile ya njano nilimrudishia jirani. Nilimpeleka pia kwenye boneti nikamwonyesha pale waya ulipokuwa umelala, naye akapapasa ukingo wa kile chuma kwa kidole, kimya, muda mrefu. Kisha akaenda kufungua boneti ya gari lake.

Jana nilitoka kazini saa nne tena. Kabla ya kuondoka niliwasha taa nikiwa nimeelekea ukuta wa maegesho, kama ninavyofanya kila usiku sasa, nikaona miduara miwili ya mwanga. Nilipofika kwenye lile tuta nilipunguza mwendo, na miduara yote miwili ikapanda na kushuka pamoja barabarani mbele yangu.